Siku Magari Yalipotupa Kisogo

Mabehewa ya kubebea magari hayafanani na behewa lingine lolote, na mimi nimeyafagia muda wa kutosha kusema hivyo bila kutia chumvi. Ukiyaona kwa nje yakipita, marefu, yamefungwa kotekote, kuta zake zimetobolewa matundu madogo madogo kama chekeche, utadhani ni ghala linalotembea. Uzuri wake uko ndani. Yakishasimamishwa kwenye jukwaa letu, milango ya mwisho ikafunguliwa, na vile vibamba vya chuma tunavyoviita madaraja vikalazwa kuunganisha behewa na behewa, treni nzima inakuwa chumba kimoja kirefu, chini na ghorofani. Jua linapita kwenye yale matundu na kutawanya vitone vya mwanga sakafuni na juu ya mapaa ya magari. Siku ya kwanza nilipoingia na ufagio wangu nilisimama nikasema, Subhanallah. Nilikuwa sijaona mikono ya watu ikitengeneza kitu kirefu hivyo kikanyooka hivyo.

Kazi hiyo niliipata baada ya kutoka eda. Marehemu mume wangu alikuwa dereva wa kikosi cha kushusha magari. Msimamizi wao, ambaye yadi nzima inamwita Mkuu, alikuja nyumbani, akakaa kwenye kiti cha marehemu bila kujua, akaniambia kuna ufagio unaningoja kama nitautaka. Nikautaka. Nilisoma shule ya msingi tu na sikuwa na kingine cha kuchagua, lakini nisingependa mtu afikiri niliuchukua kwa shida. Niliupenda tangu siku ile ya kwanza.

Mabehewa yale hayafagiliwi kama ua wa nyumba. Jiwe dogo likibaki, tairi litalirusha kwenye gari jipya. Ukifagia ukienda mbele, upepo wa matundu unakurudishia vumbi lote mgongoni na nyayo zako zinabaki pale ulipokwisha safisha. Kwa hiyo sisi tunafagia kinyumenyume. Unaanza mwisho kabisa, kwenye giza, unautazama ukuta, unavuta vumbi kuja kwako huku unarudi mlangoni. Macho yanabaki kwenye ulichokiacha, na miguu ndiyo inayojifunza njia. Katikati ya sakafu kuna mstari wa vichwa vya bolti kuanzia behewa la kwanza mpaka la mwisho. Ufagio ukikaa juu ya mstari huo, hutagonga ukuta hata ukifumba macho.

Hivyo ndivyo nilivyomfundisha kitinda mimba wangu, binti pekee niliye naye, alipomaliza shule na kukaa nyumbani akingoja kazi. Alikuja kunisaidia msimu mzima. Alikuwa akifagia na kuimba kaswida, anarudi nyuma kwa mwendo wa maringo kama bibi harusi anayekataa kuingia chumbani, nami namcheka. Baadaye alipata leseni, akaajiriwa kuendesha gari la mikate. Gari lile pana analipenyeza kwenye vichochoro ambavyo hata mkokoteni unaomba radhi kabla ya kupita. Vijana wa yadi walipomwona akileta mikate ya chai ya asubuhi wakaanza kumwita Mkate, na jina likaganda.

Mkate alitaka kuingia kikosini. Aliniambia jioni moja tukiosha vyombo, kwa sauti ya mtu anayezungumzia hali ya hewa, kwamba nafasi moja imebaki na amekwisha kuongea na Mkuu. Sikumwambia ndiyo wala hapana. Nilimwuliza tu kama anajua kwamba kikosini hakuna mwanamke. Akasema anajua, ana macho. Nikamaliza kuosha sufuria, nikaenda kuswali, na kwenye sijda nikamweka mbele ya Mwenyezi Mungu kama nilivyomweka siku alipozaliwa.

Mkuu alikuwa amempa sharti la wazi. Siku ya treni aje, ashushe gari moja mbele ya kikosi. Likitoka safi, jina lake linapelekwa ofisini alasiri hiyo hiyo. Likiguswa popote, basi, kwa sababu ofisi imekwisha kuahidi kwamba kama Mkuu hana mtu wake, ataletewa mtu kutoka yadi nyingine. Jaribio la pili halikuwepo.

Siku yenyewe ilipofika tuliongozana naye. Kwenye kibanda cha madereva kuna ubao wenye misumari. Kila dereva, kabla hajagusa gari, anavua mkanda wenye bizimu, saa, pete, funguo, mpaka kalamu ya mfukoni, anavitundika kwenye msumari wake. Suruali zao zinashikwa na kamba ya kitambaa kama za watoto wadogo, na ovaroli zao vifungo vimefichwa ndani. Gari jipya likikwaruzwa na bizimu limekwisha kuwa kuukuu kabla mwenyewe hajaliona. Wageni hawana msumari. Vitu vyao vinatiwa kwenye kopo la bati lililokuwa la maziwa ya unga. Msumari wa marehemu mume wangu bado upo pale, wa tatu kutoka mlangoni. Hakuna aliyewahi kutundika kitu juu yake, na hakuna aliyewahi kukatazwa.

Mwanangu alichomoa pini ya mtandio wake, akaufunga mtandio kisogoni kwa fundo, akaidondosha pini ndani ya kopo. Ikalia ting. Dereva mmoja mwandamizi, tunayemwita Sultani kwa sababu ana tairi lake kuukuu analokalia kama kiti cha enzi na hakubali mtu mwingine alikalie, akatazama ndani ya kopo.

"Mkate," akasema, "huku hatupangi mikate. Huku mkate ukiungua unaungua na mwokaji."

"Ndiyo maana nimekuja mapema, kaka," mwanangu akamjibu. "Nimeambiwa wewe ukiungua unanukia yadi nzima."

Wakacheka wote, na Sultani mwenyewe akacheka. Nilipenda hilo kwa pande zote mbili. Sultani ana mdomo, simtetei, lakini mkono wake kwenye usukani ni mwepesi kuliko wa yeyote ninayemfahamu aliye hai. Nimemwona akitoa gari refu kutoka ghorofani akipiga mluzi, na kikombe chake cha chai kimekaa palepale alipokiacha, bado kinafuka.

Kisha milango ikafunguliwa na vicheko vikakauka.

Nieleze vizuri hapa, maana ndipo penyewe. Magari hupakiwa huko yanakotoka yakielekezwa pua upande wa kichwa cha treni. Treni inaingia kwetu kichwa kikiwa mbele, kinafunguliwa na kuondoka, kisha mabehewa yanasukumwa mpaka jukwaa la zege lenye mteremko, na jukwaa hilo liko upande mmoja tu. Miaka yote, tukifungua mlango tunakutana na nyuso: taa, boneti, nembo zinang'aa, yote yanatutazama kama wanafunzi wanaongoja mwalimu. Dereva anaingia, anawasha, anakwenda mbele, anatoka. Siku ile tulifungua tukakutana na migongo. Kila gari limetupa kisogo kama mke aliyenuna.

Ilichukua muda kujua kilichotokea. Njiani kuna mahali reli inafanya pembetatu, ndipo treni inapogeuziwa. Pembetatu ilikuwa imefungwa, mafundi wanabadilisha mataruma ya reli. Wapanga treni walihamisha kichwa kutoka mwisho mmoja kwenda mwingine, wakaivuta treni hivyo hivyo, na kwao lilikuwa jambo dogo. Kwa mbao au saruji lingekuwa dogo kweli. Hawakukumbuka kwamba mzigo huu una mbele na nyuma.

Kuigeuza kusingewezekana mpaka pembetatu ifunguliwe, na jukwaa lilikuwa linatakiwa na treni nyingine jioni. Ilibaki njia moja, kuyatoa yote kwa rivasi. Yale ya behewa la kwanza yana ahueni. Lakini yale ya mwisho yatarudi nyuma kupita mabehewa yote na madaraja yote, ukuta huku na ukuta huku, na kwenye milango ya mabehewa nafasi ya kiganja tu kila upande, vioo vya pembeni vimekunjwa kwa sababu vikikunjuliwa havipiti. Kamera za nyuma za magari hayo huwa hazijawashwa mpaka yafike kwa muuzaji. Dereva anabaki na shingo yake tu.

Mkuu shingo hana. Aliumia zamani, na sasa akiitwa anageuka mzima mzima kama kabati. Kwa hiyo alisimama pembeni ya mlango na filimbi, akamwachia Sultani aanze.

Sultani alitoa gari la kwanza vizuri, na la pili, na mengine ya behewa la kwanza, na vijana wengine wakafuata. Hakupiga mluzi, nikalishika hilo moyoni. La behewa la pili alitoka nalo akiwa ametokwa jasho mpaka mgongo wa ovaroli umelowa. Alipokwenda behewa la tatu, tukasikia sauti. Haikuwa kubwa. Ilikuwa kama mtu anayechana kitambaa kizito polepole.

Alitoka nalo, akashuka, akazunguka nyuma, akalipitishia kiganja bampa lililopoteza rangi. Akaenda kukaa kwenye tairi lake. Mkuu akamfuata akamwuliza kwa upole imekuwaje, na Sultani akamwambia kwamba akigeuka nyuma anaona mwanga tu. Hapo nikaelewa, maana mimi nimetembea humo kila siku. Ndani ni giza, na mlango wa mwisho uko wazi kwenye zege jeupe linalochomwa na jua la mchana. Ukilitazama tundu lile kutoka gizani, macho yanajaa weupe. Kuta zinapotea, madaraja yanapotea. Watu waliozoea kutoka humo waliuzoea mwanga huo kwa mbele, ambako unaona boneti ikikutangulia na kuta zinakupokea. Kwa nyuma, kupitia kioo kidogo, kichwa kimepinda, ni kama kuchungulia jua kwa tundu la kitasa.

Mkuu akasimamisha kazi. Akamwita mwanangu, akamwambia siku hii haikuwa yake, hakuna mtu atakayemlaumu, na yeye atamwandikia maneno mazuri kwa siku za usoni. Alisema hivyo kwa huruma ya kweli. Lakini siku za usoni zilikuwa zimekwisha kuahidiwa mtu wa yadi nyingine, na wote watatu tulijua.

Mwanangu akamwomba akakae ndani ya gari linalofuata. Asiliwashe, akae tu. Mkuu akatafakari, akamruhusu.

Akaingia, akapita mabehewa mawili yaliyokwisha kuwa matupu hadi la tatu, akabana tumbo ubavuni mwa gari, nikamwona akipotea gizani. Tukangoja. Vijana wakaanza kunong'ona kwamba huyo amekwenda kulia mahali asipoonekana. Mimi nilikuwa nimeegemea ufagio wangu nikivuta tasbihi ya vidole, na nilijua halii. Mwanangu akilia hupiga chafya kwanza, na sikusikia chafya.

Aliporudi alikwenda moja kwa moja kwa Mkuu. Akamwambia kwamba anaweza kulitoa, ila hatatazama nyuma.

Mkuu alidhani hakusikia vizuri. Akamwuliza atatazama wapi.

"Mbele," akasema. "Nitatazama ninakotoka. Kama tunavyofagia mimi na mama. Ninachotaka ni mama asimame mbele ya pua ya gari, ausimamishe ufagio juu ya ule mstari wa bolti, anifuate. Ufagio ukibaki katikati ya boneti, na nyuma yangu iko katikati."

Kijana mmoja akacheka puani. Mkuu akatikisa kichwa, yaani akatikisa mwili. Sheria ya kikosi ni moja kwa wote, akasema, dereva asiyetazama anakokwenda anashushwa. Akimruhusu yeye na gari likaguswa, wataungua wote wawili, na yeye ana miaka ya kutosha yadini kutotaka kumwaga unga kwa ajili ya ufagio.

Sikuzoea kusema mbele ya kikosi. Huwa nasalimia, nafagia, nakwenda. Lakini niliona uso wa mwanangu, haukuwa unabembeleza, ulikuwa unangoja tu, na nikajiona nimesogea mbele.

"Mkuu," nikasema, "wewe ukae mlangoni na filimbi yako, uhakikishe hakuna mtu nyuma yake. Hayo ya nyuma ni yako. Ya mbele yaache kwetu. Huyu amerudi kinyumenyume humo ndani msimu mzima, na sikumbuki akigonga ukuta hata kwa kiwiko. Baba yake ulimwamini bila kumwuliza anatazama wapi."

Mkuu alinitazama. Sijui alikuwa anamwona nani. Kisha akaniambia kwa sauti ya chini, "Bibi, utakuwa katikati ya magari. Na pete hiyo."

Sikuwa nimeifikiria. Mimi hufagia mabehewa matupu, kwa hiyo hakuna aliyewahi kuniambia niivue. Sijawahi kuivua tangu nilipovishwa, siku ya furaha wala siku ya msiba. Nikaivuta, ikakataa kwenye fundo la kidole. Nikakitia kidole mdomoni, nikaizungusha, ikatoka na kuacha ngozi nyeupe iliyokunjamana kama iliyolowekwa. Nikaelekea kwenye kopo la wageni. Mkuu akanyoosha mkono akaichukua kabla sijafika, akaenda kibandani, akaitundika kwenye msumari wa tatu kutoka mlangoni.

Tukaingia. Nilipita kando ya kuta, tumbo ndani, nikamshukuru Mungu aliyenijalia wembamba ambao wifi zangu waliuita ukame. Nikajibana mbele ya pua ya gari, kati yake na mgongo wa gari lililo nyuma yangu, nikausimamisha ufagio juu ya mstari wa bolti, nyuzi chini, mpini juu. Kupitia kioo cha mbele nikamwona mwanangu. Aliweka mikono kwenye usukani, kulia na kushoto sawasawa. Filimbi ya Mkuu ikalia mara moja huko mbali: njia ni tupu.

Nikasema Bismillahi, na nikaona midomo yake ikisema hivyo hivyo.

Gari likaanza kwenda. Likaniacha polepole, nikalifuata. Nilikuwa nimezoea kurudi nyuma humo ndani, na sasa nilikuwa nakwenda mbele, yeye ndiye anayerudi, nikaona ajabu ya mtu kukaa upande wa pili wa kazi yake mwenyewe. Vitone vya mwanga vya yale matundu vilikuwa vinapita juu ya boneti, vinapanda kioo, vinapita usoni kwake, vinaondoka. Hakupepesa. Macho yake yalikuwa kwenye mpini wa ufagio kama uzi kwenye tundu la sindano. Ukipepesuka unywele mmoja, naye anaurudisha unywele huo huo. Nimewahi kuona watu wakiswali kwa utulivu namna ile, lakini si wengi.

Kijana mmoja huko mlangoni akashindwa kujizuia. Tukasikia sauti ikija kwa mwangwi kwenye ule mwanzi wa chuma: "Angalia nyuma! We Mkate, angalia nyuma!" Nikaiona shingo ya mwanangu ikikaza. Ni jambo gumu sana kwa mwanadamu kuitwa nyuma asigeuke. Nikaubana mpini kwa mikono miwili, na nikamtazama kwa jicho nililokuwa nikimtazama nalo alipokuwa mdogo tukiwa na wageni. Hakugeuka.

Kwenye daraja la kuingia behewa la pili nikapata hofu yangu mwenyewe. Treni ile haikuwa imesimama imenyooka kabisa. Reli pale imepinda kidogo, na mstari wa bolti unavunjika darajani, unaanza tena pembeni kidogo. Mwenye kufagia analijua kwa miguu, hasemi, anasogea tu. Sikuwa nimelisema. Yeye alijifunza siku ambazo treni ilisimama vingine. Magurudumu ya nyuma yalikuwa yanakaribia daraja, na mimi bado nilikuwa juu ya mstari wa zamani. Kama ningebaki pale, mgongo wa gari ungelamba ukuta.

Sikuwa na namna ya kumweleza. Nikausogeza ufagio pembeni, nje ya mstari, upana wa vidole vichache, mbele ya macho yake.

Hapo akasimama.

Breki zilishika taratibu, gari likatulia. Nyuma huko, najua kila mmoja alidhani ameshagusa. Alinitazama. Alikuwa na mstari wa bolti chini ambao mimi mwenyewe nilimfundisha asiuache, na alikuwa na ufagio ambao umeuacha. Nilitaka kuita, nikajizuia, maana nikianza kumpigia kelele na mimi, atakuwa na kelele za pande mbili. Nikausimamisha tu ufagio pale nilipouweka, imara, nikaitikia kwa kichwa mara moja.

Akaachia breki, akauleta mpini katikati ya boneti.

Gari likaja pembeni kidogo, likapanda daraja, vibamba vikalia gwa, gwa, magurudumu ya nyuma, kisha ya mbele, likaingia behewa la pili katikati kabisa, kiganja huku, kiganja huku. Nikarudi kwenye mstari naye akarudi. Daraja la pili tulilipita bila kusimama. Mwanga ulikuwa unamjia kisogoni unazidi, uso wake ukawa kivuli, nikabaki namwona kwa ukingo tu: fundo la mtandio, masikio, mabega yaliyoshushwa. Marehemu alikuwa anashusha mabega hivyo. Sikuwahi kumwona akiendesha humo ndani, nilikuwa namwona akila. Lakini ni mabega yale yale.

Likatoka kwenye zege. Mkuu akapuliza filimbi ndefu.

Sultani ndiye aliyekuwa wa kwanza kulizunguka. Alipiga magoti, akachungulia bampa, akapitisha kiganja ubavu wa kulia, akapitisha ubavu wa kushoto, taratibu, kama mtu anayempima mtoto homa. Angeweza kupata kitu kama angependa kukipata. Akainuka akapangusa magoti.

"Safi," akasema. Kisha akasema tena, kwa watu waliokuwa mbali, "Nimesema safi, au mnataka niwaimbie?"

Mkuu alikuwa amesimama anatazama ndani ya mabehewa. Kisha akageuka mzima mzima.

"Kumbe hata mimi ningeweza," akasema. "Miaka yote hii nimekaa na filimbi kwa ajili ya shingo, kumbe shingo haina kazi."

Hatukupumzika sana. Magari yalikuwa bado mengi na treni ya jioni haingojei mtu. Niliomba tu nafasi nikaswali adhuhuri nyuma ya stoo, nikarudi. Mwanangu akatoa jingine, na jingine, na vijana wakaingia mmoja mmoja, na kila mmoja alitaka ufagio mbele yake. Yule aliyepiga kelele ndiye aliyekuwa mtiifu kuliko wote. Tulipofika behewa la nne alikuja Sultani, akasimama mlangoni, akajikuna shavu.

"Bibi," akasema, "hebu nishikie na mimi huo usukani wako."

Nikamshikia. Na niseme haki, mikono ile ilipopata pa kutazama, ilirudi kuwa ile ile. Darajani aliusoma ufagio hata kabla sijausogeza, na tulipokaribia kutoka nikasikia, kupitia kioo, mluzi.

Ghorofa ya juu tuliimaliza jua likiwa limeinama. Migongo yote ilikuwa imekwisha kutoka, magari yamepangwa kwenye zege yakitutazama kwa nyuso zake kama ilivyo desturi. Mabehewa yakabaki matupu na marefu. Nikayafagia kwa haraka, kinyumenyume, peke yangu, kwa sababu treni chafu haiondoki kwenye jukwaa letu.

Niliporudi kibandani nilisikia nyundo. Mkuu alikuwa amemtuma mtu ofisini na jina, na sasa yuko mbele ya ubao anapigilia msumari mpya mwishoni mwa safu, baada ya wa Sultani. Alikuwa anaupigilia ovyo kidogo, kwa kuwa hawezi kuinamisha shingo kuutazama, na Sultani alikuwa anamwelekeza juu, chini, hapo, mbona unaupinda. Mwanangu alisimama kando, mikono nyuma, anatazama kwa adabu.

Nilishukuru hakumpa msumari wa baba yake. Nilikuwa nimeogopa hilo tangu alasiri, na sikujua kama naliogopa au nalitaka, mpaka nilipouona huo mpya. Wa baba yake una pa kwake.

Sultani akaingiza mkono ndani ya kopo la wageni, akaitoa pini ya mtandio, akampa. Mwanangu akaitundika kwenye msumari wake. Ilikuwa ndogo mno pale juu, kati ya mikanda na mashada ya funguo, ilibidi usogee ndipo uione. Akaiacha hapo kidogo, kisha akaichukua tena, akaufungua mtandio kisogoni akauvaa vizuri, maana siku ilikuwa imekwisha na tulikuwa tunakwenda nyumbani.

Mimi nikaenda kwenye wa tatu kutoka mlangoni, nikachukua pete yangu. Iliingia kwa urahisi kuliko ilivyotoka.

"Twende, mama," akasema. "Leo nani anaosha vyombo?"

Nikamwambia ni yeye, na asitazame nyuma.